Namba Iliyo Juu ya Kichwa cha Pokémon: Jinsi CP Inavyokokotolewa, Hatua kwa Hatua

Likizo ya Agosti mpwa wangu alikuja kukaa nasi Umoja. Yuko Gredi ya 9, na Pokémon GO, mchezo wa simu wa kukamata viumbe waitwao Pokémon, ndiyo inayomla bando. Jioni moja aliniletea simu. Nafasi ya kuhifadhi viumbe ilikuwa imejaa, na alikuwa akichagua wa kuwapeleka kwa Professor Willow, mhusika wa mchezo anayewapokea, ili apate peremende za kuwakuza waliobaki.

"Anko, hawa Pikachu wawili ni sawa tu. Huyu ana 535, huyu 536. Nimtoe yupi?"

Nilimwambia asiguse chochote kwanza. Tukachukua kalamu na karatasi, na baada ya robo saa hivi jibu likawa mezani: mmoja akilelewa hadi ngazi ya 40 atafika CP (combat power, nguvu ya pambano) 938, na mwenzake, akifika ngazi hiyohiyo, ataishia 749. Tofauti ya 189, imefichwa nyuma ya namba mbili zinazofuatana.

Nimeona wachezaji wengi wakimwaga vumbi la nyota, linalolipwa kumpandisha Pokémon ngazi, kwa kufuata namba hiyo ya juu peke yake, na vumbi hilo huchukua wiki nyingi kulikusanya. Mwongozo huu ni ile karatasi yetu ya Umoja, nimeipanua tu. Hesabu zake zinamfaa yeyote anayejua kuzidisha na kutafuta kipeuo cha pili. Kikokotoo cha simu kinatosha: ukikilaza upande, alama ya √ hujitokeza. Zifanye ukiwa nyumbani au umekaa mahali salama. Kutembea Tom Mboya Street macho yakiwa kwenye skrini ni njia ya haraka ya kubaki bila Pokémon na bila simu.

Hatua ya kwanza: zijue namba saba zilizo nyuma ya moja

CP unayoiona ni zao la namba saba. Tatu ni za asili: kila aina ya Pokémon ina ushambuliaji wake, ulinzi wake na uhai wake, na hizo ni zilezile kwa kila mmoja wa aina hiyo duniani. Pikachu yeyote, awe wa Kasarani au wa Tokyo, ana ushambuliaji 112, ulinzi 96 na uhai 111. Mchezo wenyewe hauzionyeshi popote, kwa hiyo inabidi uzitafute mtandaoni na kuziandika. Hizi chache zitatutosha kwa leo, kwa mpangilio wa ushambuliaji, ulinzi, uhai:

Pikachu: 112, 96, 111
Magikarp: 29, 85, 85
Gyarados: 237, 186, 216
Azumarill: 112, 152, 225
Gengar: 261, 149, 155
Blissey: 129, 169, 496
Mewtwo: 300, 182, 214

Tatu nyingine ni za yule mmoja uliyemkamata. Wachezaji huziita IV. Mimi nitaziita vipaji. Ni namba kuanzia 0 hadi 15, moja kwa ushambuliaji, moja kwa ulinzi, moja kwa uhai, na kila moja hujumlishwa kwenye ile ya asili. Mtoto huzaliwa nazo. Kumlisha, kumpandisha ngazi au kumgeuza awe umbo kubwa hakuvibadilishi vipaji hata kidogo.

Ya saba ni ngazi, na hiyo ndiyo yenye sauti kubwa kuliko zote.

Hatua ya pili: soma vipaji kwa usahihi

Fungua ukurasa wa Pokémon wako, gusa menyu ya chini kulia, kisha chagua tathmini. Kiongozi wa timu yako atatokea na mistari mitatu: ushambuliaji juu, ulinzi katikati, uhai chini. Kila mstari umegawanywa vipande vitatu, na kila kipande ni pointi 5. Mstari uliojaa vipande viwili na kidogo ni 11. Uliojaa wote hubadilika rangi na kuwa mwekundu, nao ni 15. Usikisie kwa mbali. Piga picha ya skrini, uikuze, uhesabu. Kosa la pointi moja kwenye ushambuliaji litakuharibia hesabu yote inayofuata.

Nyota zinazoonekana kando ni jumla tu ya vipaji vitatu. Jumla ya 0 hadi 22 haipati nyota. Kuanzia 23 hadi 29 ni nyota moja, 30 hadi 36 ni mbili, 37 hadi 44 ni tatu, na 45 kamili hupata nyota tatu juu ya alama nyekundu. Nyota ni muhtasari mzuri kwa mwenye haraka, lakini hazikuambii ni kipaji kipi kilichopungua, na utaona mbele kwamba hilo linaweza kuwa ndilo jambo lenyewe.

Njia uliyompatia huamua kiwango cha chini kabisa cha vipaji. Wa porini huanzia 0. Wa porini aliyebebwa na hali ya hewa, yaani hali ya hewa ya ulipo ikiwa inaipa nguvu aina yake, huanzia 4. Wa reidi (pambano la kundi dhidi ya Pokémon mwenye nguvu), wa yai na wa zawadi ya kazi za utafiti huanzia 10. Wa kubadilishana kwa bahati (lucky trade, na rafiki) huanzia 12. Ndiyo maana uwezekano wa kupata 15, 15, 15 porini ni mmoja kati ya 4,096, yaani 16 mara 16 mara 16, lakini kwenye reidi ni mmoja kati ya 216 na kwenye kubadilishana kwa bahati ni mmoja kati ya 64. Ukiwa na bando kidogo na muda mchache, namba hizo tatu zinatosha kukuonyesha pa kuupeleka.

Hatua ya tatu: tafuta ngazi

Hapa watu wengi hukwama kwa sababu ngazi ya Pokémon haiandikwi popote. Kuna kile kipinde juu ya kichwa chake chenye nukta inayosogea, lakini kwa jicho huwezi kutofautisha ngazi ya 19 na 20.

Siri iko kwenye bei. Angalia vumbi la nyota unaloombwa ili kumpandisha mara moja. Kila mpando ni nusu ngazi, na bei hubadilika kila baada ya mipando minne. Vumbi 200 maana yake yuko kati ya ngazi 1 na 2.5. Vumbi 1,000 ni ngazi 9 hadi 10.5. Vumbi 2,500 ni 19 hadi 20.5, 4,000 ni 25 hadi 26.5, 5,000 ni 29 hadi 30.5, 8,000 ni 35 hadi 36.5, na 10,000 huanzia ngazi ya 39. Angalizo moja: bei hizi ni za Pokémon wa kawaida. Wa bahati (aliyetokana na kubadilishana huko) hulipa nusu, wa kivuli (aliyeokolewa kutoka kwa Team GO Rocket, wahalifu wa mchezo) hulipa zaidi kwa asilimia 20, na wa kivuli aliyetakaswa hulipa pungufu kwa asilimia 10. Kwa hao rudisha bei ya kawaida kwanza ndipo usome ngazi.

Sasa umebaki na ngazi nne zinazowezekana. Utazichuja kwa kanuni yenyewe, na tunaifikia hivi punde.

Mahali alipotoka pia hukusaidia. Wa reidi hukamatwa akiwa ngazi ya 20, au 25 hali ya hewa ikimbeba. Wa zawadi ya utafiti huwa ngazi ya 15. Wa porini huwa popote kati ya 1 na 30, na hali ya hewa humwongezea ngazi 5. Hapa Nairobi hili lina maana. Mawingu ya Julai na Agosti huwabeba viumbe wa mapigano na wa sumu, kwa hiyo Machop wa baridi hiyo huwa na ngazi nzuri. Mvua za masika na za vuli huwabeba wa maji, wa umeme na wadudu. Pikachu wa mvua ya Aprili ni wa kumtazama mara mbili.

Hatua ya nne: geuza ngazi kuwa kizidishi

Kila ngazi ina namba yake ndogo isiyofika 1, ambayo mchezo huitumia kuzidisha. Hizi hapa za kuanzia:

Ngazi 1: 0.094
Ngazi 10: 0.4225
Ngazi 15: 0.5174
Ngazi 20: 0.5974
Ngazi 25: 0.6679
Ngazi 30: 0.7317
Ngazi 35: 0.7616
Ngazi 40: 0.7903
Ngazi 45: 0.8153
Ngazi 50: 0.8403

Zitazame kwa makini. Kutoka 20 hadi 30 kizidishi kinaongezeka kwa 0.1343. Kutoka 30 hadi 40 kinaongezeka kwa 0.0586 tu. Kuanzia 40 kwenda juu ni 0.005 kwa kila ngazi, bila kubadilika. Mlima ni mkali mwanzoni, halafu unakuwa kama barabara ya Thika Road, tambarare na ndefu. Tutarudi hapo tutakapozungumzia vumbi.

Hatua ya tano: kanuni yenyewe

Hii ndiyo:

CP = (ushambuliaji wa asili + kipaji) × √(ulinzi wa asili + kipaji) × √(uhai wa asili + kipaji) × kizidishi × kizidishi ÷ 10

Desimali zinakatwa, hazikadiriwi. 142.9 ni 142. Na hakuna anayeshuka chini ya 10, ndiyo maana wadogo kabisa wote huonyesha CP 10.

Uhai unaouona chini ya jina lake una kanuni yake fupi: (uhai wa asili + kipaji) × kizidishi, desimali zinakatwa vilevile.

Tumfanyie kazi Magikarp, kwa sababu namba zake zimenyooka kuliko za mwingine yeyote ninayemjua. Tuseme tathmini imeonyesha 11, 15, 15, na bei ya kumpandisha ni vumbi 2,500. CP yake ni 142.

Ushambuliaji: 29 + 11 = 40.
Ulinzi: 85 + 15 = 100, na kipeuo chake ni 10.
Uhai: 85 + 15 = 100, na kipeuo chake ni 10.
Zao: 40 × 10 × 10 = 4,000.

Bei ya 2,500 imetupa ngazi nne: 19, 19.5, 20 na 20.5. Vizidishi vyake, kwa kukadiria, ni 0.582, 0.590, 0.597 na 0.605. Jaribu kimoja kimoja, kikizidishwa kwa chenyewe, mara 4,000, gawanya kwa 10. Ya 19 inatoa 135. Ya 19.5 inatoa 139. Ya 20 inatoa 142. Umempata: ngazi ya 20. Thibitisha kwa uhai: 100 × 0.5974 ni 59.74, kwa hiyo skrini inapaswa kuonyesha 59. Ikionyesha namba nyingine, rudi kwenye mistari ya tathmini; umeihesabu vibaya.

Na sasa utamu wa hesabu hii. Magikarp akigeuka Gyarados, vipaji na ngazi hubaki vilevile. Za asili tu ndizo hubadilika. Kwa hiyo unaweza kujua CP yake kabla hujalipa peremende 400:

237 + 11 = 248. Ulinzi 186 + 15 = 201. Uhai 216 + 15 = 231. Vipeuo vya 201 na 231 vikizidishana vinatoa takriban 215.48. Mara 248 ni 53,439. Mara 0.5974 mara mbili, gawanya kwa 10: 1,907.

Kutoka 142 hadi 1,907, na hujatoka kitini.

Hatua ya sita: wale Pikachu wawili

Yule wa 536 alikuwa na vipaji 15, 15, 15 na ngazi ya 20. Ushambuliaji 127, ulinzi 111, uhai 126. Zao lake kabla ya kizidishi ni 15,019. Mara 0.5974 mara mbili, gawanya kwa 10: 536.

Yule wa 535 alikuwa na 2, 3, 1. Ushambuliaji 114, ulinzi 99, uhai 112, zao 12,004. Lakini alikamatwa akiwa ngazi ya 25. Kizidishi cha 0.6679 kilimbeba hadi 535. Hata bila kumuuliza mpwa wangu alimkamata lini, nilijua hali ya hewa haikumsaidia, maana kipaji cha chini ya 4 hakitoki kwa aliyebebwa na hali ya hewa.

Mmoja ni mwenye kipaji ambaye hajafunzwa, mwingine amefunzwa na ameshatumia nafasi yake. Ukiwapeleka wote ngazi ya 40, wa kwanza ni 938 na wa pili ni 749. Mpwa wangu alizidisha mara mbili akidhani amekosea.

Hapa pia pana onyo la upande wa pili, na naliamini sana: usivikuze vipaji kupita kiasi. Kwa Pikachu, pointi 15 juu ya 112 ni zaidi ya asilimia 13 ya ushambuliaji. Kwa Mewtwo, pointi hizohizo juu ya 300 ni asilimia 5. Mewtwo wa 13, 14, 13 atafanya kazi ileile ya yule kamili kwenye karibu kila reidi. Kadiri za asili zinavyokuwa kubwa, ndivyo vipaji vinavyopungua uzito. Kumwacha mkubwa wa nyota tatu ukae ukimngoja kamili ni kujinyima.

CP inapendelea washambuliaji, na lazima ujue kwa nini

Rudi kwenye kanuni uitazame. Ushambuliaji umeingia mzima. Ulinzi na uhai vimeingia chini ya vipeuo. Maana yake ni hii: ukiongeza ushambuliaji kwa asilimia 10, CP inaongezeka kwa asilimia 10. Ukiongeza ulinzi kwa asilimia 10, CP inaongezeka kwa chini ya 5. Ni kama kocha anayehesabu thamani ya timu kwa mabao ya mshambuliaji, halafu beki na kipa anawagawia nusu alama.

Ushahidi ni Gengar na Blissey. Wote wawili wakiwa na vipaji kamili kwenye ngazi ya 40, Gengar ana CP 2,878 na Blissey 2,757. Ukifuata namba utamweka Gengar alinde jimu, kituo ambacho timu hukishikilia kwa Pokémon wake. Lakini Gengar ana uhai 134, na Blissey ana 403. Gengar ataanguka haraka. Blissey atawakalisha washambuliaji mpaka wachoke. Anayelinda jimu kwa kutazama CP hushangaa kila jioni kumkuta amerudishwa nyumbani.

Na kuna mengine ambayo kanuni hii haiyaoni kabisa. Haijui ana mapigo gani. Haijui aina, yaani kama ni wa maji, wa umeme, wa sumu na kadhalika. Pigo linapompata adui ambaye ni dhaifu kwa aina hiyo, madhara huzidishwa kwa 1.6, adui akiwa sugu, huzidishwa kwa 0.625. Mwenye kutumia pigo la aina yake mwenyewe hupata 1.2. Weka hizo kando ya asilimia 5 ya vipaji vya Mewtwo uone ipi ni nzito. Pokémon wa CP 1,800 wa aina sahihi humshinda wa 2,400 wa aina isiyofaa mara nyingi sana, na huyo wa kwanza amekugharimu vumbi kidogo.

Wa kivuli nao: kwenye pambano ushambuliaji wake huzidishwa kwa 1.2 na ulinzi hupunguzwa kwa sehemu moja ya sita, lakini CP inabaki kana kwamba hakuna kilichotokea. Ukimtakasa, kila kipaji kinaongezwa 2, bila kuvuka 15, na unapoteza nguvu hiyo ya kivuli. Kwa mshambuliaji mzuri wa reidi, mimi simtakasi.

Ligi ya 1,500: pale vipaji vidogo vinapokuwa vikubwa

Hili ndilo linalowakanganya wengi kuliko yote. Kwenye ligi (mapambano kati ya wachezaji) zenye kikomo cha CP, kama ile ya 1,500, Pokémon kamili mara nyingi si bora. Wachezaji husikia hivyo na kudhani ni uvumi. Ni kanuni ileile tu, imegeuzwa.

Kikomo kinapima CP, na CP inatoza ushambuliaji kwa bei kamili huku ulinzi na uhai vikitozwa nusu. Kwa hiyo ukiwa na 1,500 za kutumia, ushambuliaji mdogo unakuachia nafasi ya kupanda ngazi, na ngazi huongeza vyote vitatu.

Mchukue Azumarill watatu, wote wakiwa na 15 kwenye ulinzi na 15 kwenye uhai. Wanatofautiana ushambuliaji tu.

Wa kwanza ana 15. Anakomea ngazi ya 36, CP 1,497. Uhai wake ni 184 na ulinzi halisi, baada ya kizidishi, ni 128.

Wa pili ana 8. Anafika ngazi ya 40 akiwa na CP 1,500 juu ya alama. Uhai 189, ulinzi 131.

Wa tatu ana 0. Anafika ngazi ya 45.5, CP 1,499. Uhai 196, ulinzi 136.

Ushambuliaji halisi umeshuka kutoka 97 kwa wa kwanza hadi 91 kwa wa tatu, na kwa kulipia hizo 6 amepata uhai 12 na ulinzi 8. Kwenye pambano refu huyo wa tatu atabaki amesimama. Lakini kupita ngazi ya 40 kunahitaji peremende za XL, na hizo hazipatikani kwa wepesi. Kwa mchezaji wa kawaida yule wa pili ndiye wa kumtafuta.

Kwa wadogo ambao hawafiki 1,500 hata wakiwa ngazi ya 50, sheria hii haipo: hao watafute vipaji vikubwa vyote. Vivyo hivyo kwenye ligi isiyo na kikomo.

Vumbi: pa kusimama

Kumtoa Pokémon ngazi ya 1 hadi 40 ni vumbi 270,000. Kutoka 20 hadi 30 ni 75,000. Kutoka 30 hadi 40 ni 150,000.

Sasa weka vizidishi kando yake. Kutoka 20 hadi 30, CP inapanda kwa asilimia 50. Kutoka 30 hadi 40 inapanda kwa chini ya asilimia 17. Unalipa mara mbili kupata theluthi. Kwa vumbi la kumfikisha mmoja ngazi ya 40 kutoka 30, unaweza kuwatoa wawili ngazi ya 20 na kuwafikisha 30. Kwa anayeanza na anayetaka kushiriki reidi, ushauri wangu ni sita imara wa ngazi ya 30 kabla ya mmoja wa 40. Nimeufuata mwenyewe na sijutii.

Kwenye reidi kuna njia ya kujua kipaji kabla hata ya kurusha mpira wa kwanza. Ngazi inajulikana, kwa hiyo CP inasema vipaji. Mewtwo wa ngazi ya 20 huwa kati ya 2,294 na 2,387. Upepo ukiwa umembeba awe ngazi ya 25, ni kati ya 2,868 na 2,984. Ukiiona 2,387 au 2,984, hizo ni 45 kamili. Tuliza mkono, tumia matunda yako bora.

Namba za asili zilitoka wapi?

Ruka hapa ukitaka, lakini mimi napenda kujua mzizi. Michezo ya zamani ya Pokémon ina namba sita: uhai, ushambuliaji, ulinzi, ushambuliaji maalumu, ulinzi maalumu na kasi. Pokémon GO, iliyotoka Julai 2016, ilizibana ziwe tatu. Pikachu wa zamani ana uhai 35, ushambuliaji 55, ulinzi 40, maalumu 50 na 50, kasi 90.

Uhai: 35 × 1.75 + 50 = 111.25, kata, 111.

Ushambuliaji: chukua ulio mkubwa kati ya wa kawaida na maalumu, umpe sehemu saba za nane, mdogo sehemu moja ya nane, zidisha kwa 2. Inatoka 108.75, yaani 109. Kisha kasi inaingia: kila pointi juu ya 75 inaongeza 1 kwa 500. Kasi 90 inatoa 1.03. Mara 109 ni 112.

Ulinzi hivyohivyo, ila mkubwa hupata sehemu tano za nane na mdogo tatu. 92.5, yaani 93, mara 1.03: 96.

Wakubwa mno hupunguzwa. Ambaye angevuka CP 4,000 kwenye ngazi ya 40 hukatwa asilimia 9 kwenye zote tatu. Mewtwo angekuwa na ushambuliaji 330. Baada ya kukatwa ndipo akabaki na 300.

Hatua ya mwisho: iache mashine ifanye kazi

Ukishaielewa kwa mkono, usiendelee kuteseka. Fungua jedwali kwenye Google Sheets. Weka ushambuliaji wa asili safu ya A, kipaji chake B, ulinzi C, kipaji D, uhai E, kipaji F, kizidishi G. Kwenye H, mstari wa pili, andika:

=MAX(10;INT((A2+B2)*SQRT(C2+D2)*SQRT(E2+F2)*G2^2/10))

Simu yako ikikataa nukta-mkato, tumia mkato wa kawaida. Jaribu na Magikarp wetu. Ikitoa 142 umefaulu.

Na ndani ya mchezo, kisanduku cha kutafuta kinaelewa vipaji. Andika 4* upate walio kamili. Andika cp-1500 upate wasiozidi 1,500. Kwa wa ligi andika hivi:

0-1attack&3-4defense&3-4hp

Hapo 0 ni kipaji cha sifuri, 1 ni 1 hadi 5, 2 ni 6 hadi 10, 3 ni 11 hadi 14, na 4 ni 15. Mchezo ukiwa katika lugha nyingine, maneno hayo yaandike kwa lugha hiyo.

Mpwa wangu aliiandika usiku uleule. Kati ya wale aliotaka kuwatoa akatokea Marill mmoja asiye na sifa, vipaji 1, 14, 15. Alimkokotoa mwenyewe kama Azumarill, bila mimi kushika kalamu: ngazi ya 45, CP 1,499. Sasa anazisaka peremende za XL, na kila wikendi inayofuata mvua ananipigia simu kuniambia amefikisha ngapi.